Kuchagua neno na kihusishi sahihi cha Kiingereza ukianzia kwenye Kiswahili chako

Mbuzi hafariki. Mbuzi hufa. Mzee wa mtaa ndiye anayefariki, na ukitamka mbele ya wafiwa kwamba "mzee amekufa", watu watakugeukia. Hakuna mwalimu aliyetuketisha kutufundisha tofauti hiyo. Tuliipata kwa kusikia kila neno likiwa na wenzake, tangu utotoni, mpaka sikio likakataa lenyewe.

Naanzia hapo kwa sababu wengi wanaoniletea barua za maombi ya kazi na ripoti nizisahihishe huamini kwamba visawe vya Kiingereza na vihusishi vyake, hivi vijineno vya "in", "on", "at", "for" na ndugu zao, ni kipaji cha watu wengine. Kipaji mnacho. Tanzania wengi wetu tumesoma shule ya msingi kwa Kiswahili, kisha kidato cha kwanza tukatupwa kwenye Kiingereza, na makosa tunayofanya yana mantiki kabisa: kila moja ni sentensi sahihi ya Kiswahili iliyovishwa maneno ya Kiingereza. Kwa hiyo mwongozo huu hauanzi na orodha ya sheria za Kiingereza. Unaanza na Kiswahili chako, maana humo ndimo kosa linamozaliwa, na humo ndimo dawa nyingi zimo.

Hatua ya kwanza: andika sentensi nzima kwa Kiswahili, kisha tafuta neno lililobeba mawili

Usitafute neno moja moja kwenye kamusi. Andika sentensi unayotaka kuisema, uitazame, ujiulize ni neno gani humo ambalo Kiingereza kimeligawa.

Kwa nomino kazi ni nyepesi. Mkono ni "hand" kuanzia kwenye kifundo kwenda vidoleni, na "arm" kutoka begani. Mguu vilevile, "foot" na "leg". Kidole cha mkono ni "finger", cha mguu ni "toe". Kivuli unachokikimbilia jua likiwaka ni "shade", lakini kivuli chenye umbo lako kinachokufuata ukutani ni "shadow". Mgeni uliyemkaribisha ni "guest", usiyemjua ni "stranger", aliyetoka nchi nyingine ni "foreigner". Kazi uliyoajiriwa ni "a job", inahesabika. Kazi kwa jumla ni "work", haihesabiki, ndiyo maana "I got a work" inakwaza.

Vitenzi ndivyo vinavyotuponza. Chukua kushinda. Tunasema Simba wameshinda, na tunasema Simba wameishinda Yanga, kitenzi kilekile. Kiingereza kinauliza kwanza: umeshinda nini, au umemshinda nani? Ukishinda kitu, yaani mechi, kombe au zawadi, ni "win". Ukimshinda mtu au timu ni "beat". "Simba won the match", lakini "Simba beat Yanga". Shabiki wa Yanga ataandika kinyume chake, kanuni ni ileile. Na kama umeshinda nyumbani kutwa nzima, hapo hakuna aliyeshindwa: "I spent the day at home".

Kuiba nako kuna mtego huohuo, na huu una uzito kwa sababu unatokea polisi. "Nimeibiwa simu" watu wengi huiandika "I was stolen my phone", na msomaji wa Kiingereza anaona wewe ndiye uliyeibwa. "Steal" inashika kitu: "My phone was stolen". "Rob" inashika mtu au mahali, na ndani yake kuna nguvu au vitisho. Ndiyo tofauti yetu ya wizi na unyang'anyi, ambayo hata sheria inaitambua. Kama simu ilichomolewa mfukoni kwenye daladala bila wewe kujua, usiandike kwamba uliporwa.

Kusema kumegawanywa mara nne, lakini Kiswahili kinakupa jibu ukikisikiliza. Ukiona "-ambia", ni "tell", na mtu anayeambiwa lazima atajwe: "She told me". Ukiona "alisema kwamba", ni "say". Lugha inakwenda na "speak", mazungumzo ya watu na "talk".

Hatua ya pili: kagua miisho ya kitenzi

Hapa ningependa ukae kidogo, kwa sababu ni sehemu ambayo vitabu vingi vya shule vinaipita.

Sisi tuna kauli ya kutendesha. Kukopa, kukopesha. Kukumbuka, kukumbusha. Tunaongeza "-sha" na maana inageuka. Kiingereza mara nyingi hakiongezi kitu, kinabadilisha neno zima: kukopa ni "borrow", kukopesha ni "lend", kukumbuka ni "remember", kukumbusha ni "remind", kuona ni "see", kuonyesha ni "show", kuanguka ni "fall", kuangusha ni "drop", bei ikipanda "rises", wao wakiipandisha "raise". Kwa hiyo ukikuta "-sha" kwenye sentensi yako, simama, kuna uwezekano mkubwa unahitaji neno jingine. Kurudi na kurudisha ndiyo nafuu ya nadra, yote mawili ni "return". Wala usiongeze "back" baada yake, maana kurudi nyuma kumo tayari ndani ya neno.

Kuazima ndiko kunakotuchanganya zaidi kwa sababu watu wengi hawaongezi mwisho wowote: "nimeazima kalamu" na "niazime kalamu" zinatumia shina lilelile. Ndipo inapotokea "Borrow me your pen". Angalia kitu kinasafiri kwenda wapi. Kikija kwa mtenda ni "borrow", kikiondoka kwake ni "lend".

Kisha kuna kauli ya kutendea, ile "-ia" na "-ea". Hii ndiyo siri ya vihusishi. Kiswahili kinameza kihusishi ndani ya kitenzi, Kiingereza kinakiacha nje. Kuhama Mbeya na kuhamia Mbeya ni safari mbili zinazopishana njiani, na tofauti yake ni irabu moja. Kwa Kiingereza ni "move from Mbeya" na "move to Mbeya". Kuomba na kuombea, "pray" na "pray for". Ukiona "-ia", jua kuna kihusishi kinachodai kutoka nje. Swali linalobaki ni kipi.

Mara nyingi ni "to" au "for". "For" ni kwa faida ya mtu: "amenipikia" ni "she cooked for me". "To" ni kufikisha kitu kwa mtu: "amenielezea" ni "he explained it to me", si "he explained me". Lakini lipo jambo moja ambalo Kiswahili hakikuonyeshi kwa umbo, unalijua kwa muktadha tu. "Nitupie mpira" na "alimtupia jiwe" zina kitenzi kimoja. Kiingereza kinataka kujua nia. Ukimrushia mtu ili adake ni "throw to". Ukimrushia ili umuumize ni "throw at". Kadhalika "shout to" ni kumwita aliye mbali, "shout at" ni kumfokea. Niliwahi kusoma ripoti ya mwalimu kijana iliyosema amekuwa "shouting at the children across the field". Alikuwa akiwaita watoto warudi darasani. Mkuu wake, kwa kusoma tu, alielewa kwamba anawafokea.

Hatua ya tatu: jua vitenzi vinavyokataa kihusishi

Vingine havitaki msaada. "Discuss" imeshabeba "kuhusu" ndani yake, kwa hiyo "discuss about" ni kuweka sukari mara mbili. Hali ni hiyohiyo kwa "enter" ukiingia chumbani, "reach" ukifika mahali, "answer" swali, "attend" mkutano, "contact" mtu, "request" kitu, "emphasize" jambo. Na "cope up with", ambayo imeota mizizi Afrika Mashariki nzima, ni "cope with" tu.

Vingine vinakidai ingawa kwa Kiswahili hatuoni pengo lolote: kusikiliza ni "listen to", kusubiri ni "wait for", kutafuta ni "look for", kuomba kazi ni "apply for". Hapa hakuna hila. Vikariri kama neno moja. Kwenye daftari usiandike "listen", andika "listen to".

Angalia pia nomino iliyozaliwa na kitenzi, huwa na tabia zake. Unasema "we discussed the budget" bila kihusishi, lakini "a discussion about the budget" kwa haki kabisa. "I requested leave", kisha "my request for leave". Nadhani ndiko makosa mengi yanakotoka, tunahamisha kihusishi cha nomino kwenda kwenye kitenzi.

Hatua ya nne: kwa mahali, jaribu mo, po na ko

Kiambishi "-ni" kinaonekana hakina msaada. Nyumbani, mezani, mlangoni, yote "-ni", na Kiingereza kinatuuliza kama ni "in", "on" au "at". Lakini Kiswahili hakikuacha jambo wazi. Tunasema nyumbani mwangu, nyumbani pangu, nyumbani kwangu, na kila moja ina maana yake.

Basi jaribu sentensi yako kwa "-mo", "-po" na "-ko". Nguo zimo kabatini: "in the wardrobe". Maji yamo mtungini: "in the pot". Pale ambapo "-mo" inakaa vizuri, mara nyingi "in" haitakuangusha. Mlinzi yupo mlangoni: "at the door", kwa sababu "-po" ni mahali mahususi, kama nukta kwenye ramani. Ikiwa "-po" ni juu ya uso wa kitu, kama kitabu kilichopo mezani au picha iliyopo ukutani, ni "on". Ukuta unawashangaza wengi, lakini Kiingereza hakijali uso umelala au umesimama.

"-Ko" haikusaidii, imeenea mno. Yuko Nairobi, yuko kazini, yuko safarini. Hapo shika desturi: mji na nchi ni "in", kazini ni "at work", nyumbani ni "at home", ukienda nyumbani ni "go home" bila "to". Gari dogo unaingia "in", basi, treni na ndege unapanda "on". Mimi huwaambia wanafunzi kwamba unapoweza kusimama na kutembea ndani, ni "on". Kwenye simu, televisheni, tovuti na mitandao ya kijamii, yote "on".

Hatua ya tano: gawa "kwa" na "na" kabla ya kutafsiri

"Kwa" ni mzigo mzito kuliko neno lolote tulilo nalo. Kukata kwa kisu, "with a knife". Kusafiri kwa basi, "by bus", lakini kwa miguu, "on foot". Kukaa kwa siku mbili, "for two days". Kuzungumza kwa Kiswahili, "in Swahili". Kununua kwa shilingi 2,000, "for 2,000 shillings". Kufanya jambo kwa makosa, "by mistake". Kwenda kwa daktari, "to the doctor". Usijiulize "kwa" ni nini kwa Kiingereza. Jiulize hii ni kwa ya nini: kifaa, usafiri, muda, lugha, bei au mtu? Ukishaipa jina, kihusishi kinajitokeza. Angalizo moja tu kuhusu usafiri: "by" inataka chombo kitupu. Ukitaja cha nani au kipi, inaondoka, inakuwa "in my brother's car".

"Na" ni ndogo zaidi ila inachoma. Kung'atwa na mbwa, "bitten by a dog". Kuolewa na mvuvi, "married to a fisherman", kamwe si "with". Kukutana na rafiki, "meet a friend", bila chochote. Tofauti na, "different from". Kutegemea na, "depend on".

Muda

Saa ni "at", siku na tarehe ni "on", mwezi na mwaka ni "in". Asubuhi ni "in the morning", usiku ni "at night". Hilo liishie hapo.

Linalogharimu watu ni "mpaka". Kijana mmoja aliyeniletea barua baada ya kukosa kazi alikuwa ameandika kwamba anaweza kuanza kazi "until 1 March". Alimaanisha kwamba tarehe hiyo haitapita kabla hajaanza. Aliyeipokea hakuweza kujua kama anaanza siku hiyo au anakoma siku hiyo. Tofauti ni hii: jambo linaloendelea likafika mwisho linataka "until", jambo linalokamilika mara moja kabla ya siku fulani kupita linataka "by". Kipimo ni neno letu "ifikapo". Kama unaweza kusema "lete fomu ifikapo Ijumaa", andika "by Friday". Kama huwezi, kwa mfano "nitakaa Tanga mpaka Ijumaa", andika "until".

"Tangu" ni "since", na inahitaji nukta ya kuanzia: mwaka, siku, tukio. Urefu wa muda ni "for". "Since four years" haipo. Halafu kitenzi nacho kinabadilika, maana sisi tunasema "naishi hapa tangu 2015" kwa wakati uliopo, wao wanasema "I have lived here since 2015".

Hatua ya sita: msikilize kisawe akiwa na wenzake

Chukua neno letu moja, "kali", ulipeleke sokoni. Kisu kikali ni "sharp". Pilipili kali, "hot". Mbwa mkali, "fierce". Mwalimu mkali, "strict". Upepo mkali, "strong". Baridi kali, "severe" au "bitter". Hakuna mantiki inayoweza kukuambia kwamba kisu hakiwezi kuwa "strict". Ni ujirani tu wa maneno, kama mbuzi na kufa. Mvua kubwa ni "heavy rain", wala si "big". Uamuzi na kosa unavi-"make", mkutano una-"hold", kazi ya nyumbani ya shule una-"do".

Visawe vingine vinatofautiana kwa cheo. Baada ya Wanormani kuiteka Uingereza mwaka 1066, Kifaransa kikawa lugha ya mabwana, na Kilatini kikaendelea kuwa cha kanisa na wasomi, ndiyo maana Kiingereza kina tabaka la maneno juu ya tabaka: "ask" la kienyeji, "question" lililopitia Kifaransa, "interrogate" la Kilatini ambalo leo linanuka kituo cha polisi. Watu wetu hudhani neno refu linaonyesha elimu. Mimi napinga kwa nguvu zote. Andika "start", acha "commence"; andika "help", acha "render assistance". Msomaji akikuelewa mara ya kwanza umeshamheshimu.

Hatua ya saba: hakiki

Tumia kamusi iliyotungwa kwa ajili ya wanaojifunza, si ya wazawa. Oxford Advanced Learner's Dictionary ilianza kama kazi ya A. S. Hornby, mwalimu wa Kiingereza nchini Japani, na ilichapishwa huko kwa mara ya kwanza mwaka 1942 kwa sababu hii hasa: wanafunzi wake walijua maana za maneno lakini hawakujua namna ya kuyaunganisha. Leo inasomeka bure mtandaoni, kama zilivyo za Longman na Cambridge. Ukifungua neno, ruka maana uende kwenye mifano. Ukikuta "discuss something with somebody", umeona kiunzi chote: kitu kinafuata moja kwa moja, mtu anafuata "with".

Ukibaki na shaka kati ya mbili, ziweke zote kwenye Google, kila moja ndani ya alama za kunukuu, usome sentensi zinazokuja na uangalie nani kaziandika. Usihesabu tu matokeo. Kumbuka pia kwamba shule zetu zinafuata Kiingereza cha Uingereza. Huko husema "at the weekend" na Marekani "on the weekend". Uingereza mgonjwa yuko "in hospital", Marekani "in the hospital". Yote ni sahihi. Chagua upande mmoja kwa barua nzima.

Sasa tujaribu. Kiswahili chako ni hiki: "Ninaomba kazi ya uhasibu iliyotangazwa kwenye tovuti yenu tarehe 3 Machi. Nimefanya kazi katika kampuni ya usafirishaji kwa miaka minne, na naweza kuanza ifikapo tarehe 1 Aprili."

Kuomba kazi si kuomba maji: "apply for". Kazi iliyotangazwa ni nafasi, "post", na nafasi huwa "advertised", si "announced" kama matokeo ya uchaguzi. Tovuti, "on". Tarehe, "on" tena. "Katika kampuni" ungeweza kuandika "at", lakini unapotaja mwajiri aliyekulipa, "for" ni bora zaidi. "Kwa" ya muda, "for" pia, na kitenzi kiwe "have worked" kama bado uko huko. Ifikapo, "by".

"I am applying for the post of accountant advertised on your website on 3 March. I have worked for a transport company for four years and can start by 1 April."

"For" imetokea mara tatu kwenye mistari miwili, na kila mara imeitwa na neno tofauti la Kiswahili: kuomba, katika, kwa. Zipigie mstari kwa kalamu ya rangi, kisha fanya hivyohivyo kwenye barua yako mwenyewe kabla hujaituma.